Kupatana ni Kupata: Habari za Waimbaji wa Jubilei wa Fisk

Mhariri wa jarida letu alinipa kazi ya kuandika funzo juu ya muziki wa Kikristo na upatanisho wa watu wa rangi mbalimbali. Akaniambia nichague mfano mmoja tu, nisije nikarukia kila tawi kama tumbili. Nimechagua wanafunzi tisa walioondoka shuleni kwao mjini Nashville, jimbo la Tennessee, Marekani, tarehe 6 Oktoba 1871, wakaenda kuimba ili shule yao isifungwe. Ulimwengu huwaita Waimbaji wa Jubilei wa Fisk. Walikuwa Wakristo, wakiimba zaidi makanisani, na nyimbo zao zilikuwa sala. Lakini niruhusuni nianzie hapa nyumbani, maana ndiko swali langu lilikotoka.

Mwaka jana kwaya yetu ilikwenda kwenye mashindano ya muziki. Tuliingia katika kundi la nyimbo za kiroho za Wamarekani Weusi, na kusema kweli tulikuwa tumejiandaa: majuma sita ya mazoezi, saa kumi hadi saa kumi na moja na nusu jioni, halafu mbio nyumbani kabla ya giza, maana sisi ni wa shule ya kutwa na hakuna bweni la kutungojea. Siku ilipofika tukajipakia katika matatu mbili za kukodi. Tukaimba. Jameni, ukumbi ulisimama! Wanafunzi wa shule wenyeji walitufuata hadi nje, wakitaka tuwafundishe ile sauti ya besi.

Saa saba mvua ikaanza. Tukakimbilia mlango wa bwalo. Hapo tukaambiwa kwamba bwalo ni la shule za bweni, na kwamba shule za kutwa zingojee katika magari yao. Magari yetu yalikuwa yamerudi barabarani kubeba abiria. Basi tukasimama upenuni, migongo ukutani, viatu vikijaa maji, huku tukisikia vijiko vikigonga sahani ndani. Mwenzangu mmoja wa sauti ya pili akaniuliza, "Kwani si hawa ndio waliokuwa wakitupigia makofi sasa hivi?" Sikuwa na jibu. Shule hiyo siitaji, wala sina kinyongo nayo (kidogo tu). Lakini swali hilo ndilo lililonipeleka maktaba siku ya Jumatatu. Nilikuwa nimeimba maneno yale kwa majuma sita bila kujua aliyeyaimba kwanza ni nani, na alipomaliza kuimba alilala wapi.

Kabla ya kwenda Marekani, tulivunje neno letu kama tufundishwavyo darasani. Mzizi ni pata. Tukiongeza kauli ya kutendana tunapata patana. Tukiongeza kauli ya kutendesha tunapata patanisha, na kutoka hapo jina upatanisho, ambalo wasomaji wa Biblia hulikuta katika nyaraka za Mtume Paulo. Lakini neno hili halikai kanisani peke yake. Liko sokoni kila siku. Unamwambia mwenye nyanya, "Mama, tupatane." Yeye anashuka kidogo, wewe unapanda kidogo. Yeye anabaki na pesa, wewe unaondoka na nyanya. Sijawahi kusikia mtu akisema "tumepatana" baada ya kulipa pesa yake na kuondoka na kikapu kitupu. Kupatana ni kupata, wewe na mwenzako. Basi mtu akiniambia kwamba muziki umewapatanisha weupe na weusi, nina haki ya kuuliza kama vile sokoni: kila mmoja alipata nini?

SHULE ILIYONUNUA VITABU KWA PINGU

Fisk ilifunguliwa Januari 1866, miezi michache baada ya Vita vya Wenyewe kwa Wenyewe vya Marekani kumalizika na utumwa kupigwa marufuku. Walioianzisha walitoka katika chama cha wamishenari, American Missionary Association. Madarasa yalikuwa mabanda yaliyotumiwa na jeshi kama hospitali wakati wa vita. Wanafunzi wa kwanza walikuwa wa umri wa miaka 7 hadi 70. Hebu fikirini, babu na mjukuu wanaanza darasa moja, na yawezekana mjukuu ndiye anayeshinda mtihani!

Kuna habari moja iliyonikaa rohoni. Vitabu havikuwepo. Ndipo wakakusanya pingu na minyororo yenye kutu iliyobaki mahali watumwa walipokuwa wakifungiwa kungoja kuuzwa mjini humo, wakaiuza kama vyuma vikuukuu, na pesa hizo wakanunulia vitabu vya kujifunzia kusoma. Sisi hulalamika kitabu kimoja kikigawanywa kwa watu watatu.

Miaka mitano baadaye shule ilikuwa na deni na mabanda yalikuwa yakioza. Mweka hazina alikuwa Mzungu, Bwana George Leonard White, mtu aliyepigana vitani upande wa Kaskazini na ambaye jioni alifundisha kuimba kwa sababu aliupenda tu. Yeye ndiye aliyetoa wazo la kuzunguka na kwaya na kuomba msaada. Wakubwa wa chama hawakulipenda wazo hilo. White akachukua pesa za mwisho zilizokuwa katika hazina ya shule, akawachukua na watoto, akaenda. Nawaambia ukweli, mweka hazina wa shule yetu akifanya hivyo leo, kesho yake ataulizwa maswali na polisi.

Msaidizi wake na mpiga piano wa kundi alikuwa Ella Sheppard, msichana wa miaka 20. Ella alizaliwa mtumwa mwaka 1851. Baba yake, aliyekuwa amejikomboa mwenyewe, alimnunua binti yake kwa dola 350. Someni tena sentensi hiyo: baba alimnunua mwanawe. Mama yake alibaki utumwani, nao wakatenganishwa hadi baada ya vita. Alipotaka kujifunza muziki mjini Cincinnati, mwalimu mmoja alikubali kwa masharti: aje usiku, apitie mlango wa nyuma, na asimwambie mtu yeyote. Akakubali. Mdogo kuliko wote katika safari ile alikuwa Minnie Tate, wa miaka 14. Mimi nina miaka 16, na mama yangu haniruhusu kwenda mjini peke yangu.

NYIMBO WALIZOZIONEA HAYA

Jambo lililonishangaza ni kwamba mwanzoni hawakutaka kabisa kuimba nyimbo ambazo sasa zimewapa sifa. Walijifunza nyimbo za Kizungu, za wasomi, ili waonekane wasomi. Zile za kiroho ziliwakumbusha utumwa, na tena zilikuwa kitu kitakatifu cha wazazi wao, si kitu cha kuuzwa kwa tiketi. Walizoea kuziimba wenyewe kwa wenyewe, milango ikiwa imefungwa. White alizisikia, akawaomba wamfundishe. Ilichukua muda mrefu.

Haya yao nadhani naielewa. Siku hizo Marekani kulikuwa na maonyesho ambamo Wazungu walijipaka masizi usoni, wakavaa matambara na kuwaigiza watu weusi kama wapumbavu, na watazamaji wakacheka mpaka machozi. Kwa hiyo mtu mweusi akipanda jukwaani, umati ulitarajia kuchekeshwa. Wanafunzi wa Fisk waliogopa kwamba wakiimba nyimbo za mashambani watachekwa vilevile.

Sasa tutazame nyimbo zenyewe, maana hili ni funzo na si hadithi tu. Kwanza, zina kiongozi na wapokezi. Mmoja anatoa mstari, wengine wanapokea. Hapa kwetu hakuna haja ya kueleza sana. Nenda kwenye ngoma yoyote, nenda kwa wavuvi wakivuta nyavu, utaona jambo hilohilo. Pili, hazikuandikwa. Zilipita mdomo hadi sikio kama methali zetu, mpaka mwaka 1872 mwanamuziki Theodore Seward alipoanza kuziandika kutoka midomoni mwa waimbaji hawa. Tatu, na hapa ndipo penye utamu, nyingi zilikuwa mafumbo. Mtumwa aliyeimba juu ya kuvuka mto Yordani aweza kuwa anaimba juu ya mbinguni, lakini aweza vilevile kuwa anawaza mto Ohio, kwa maana ng'ambo yake hapakuwa na utumwa. Wimbo wa kuondoka kimyakimya kwenda kwa Yesu uliweza kumwambia jirani kwamba leo usiku kuna mkutano wa siri, au kwamba mtu anatoroka. Bwana wao alisikia dini, wakasikia wao mambo mawili. Wenye taarabu watanielewa haraka.

Namna ya kuimba pia ilikuwa ya pekee. White aliwafundisha kuanza kwa sauti ndogo sana, karibu mnong'ono, hata msikilizaji alazimike kunyamaza ili asikie. Mwalimu wetu wa kwaya hutuambia vivyo hivyo tukianza kupayuka.

MAKOFI NA MLANGO

Safari ilianza vibaya. Katika jimbo la Ohio walikusanya dola zisizofika 50 katika onyesho moja. Wakati huohuo habari zikaja kwamba mji wa Chicago unateketea. Moto huo mkubwa ulianza tarehe 8 Oktoba 1871. Wanafunzi hawa, wenye viatu vibovu na deni la shule, wakatoa pesa zile zote kuwasaidia waliounguliwa. Sijui kama sisi tungefanya hivyo. Mimi ningependekeza tutoe nusu.

Na kulala? Hapa ndipo nilipoikumbuka mvua yetu. Walifika mji baada ya mji wakakuta hoteli zimejaa ghafla. Katika mji mmoja wa Ohio walikataliwa mara kadhaa kabla ya mwenye hoteli mmoja kuwapokea, naye akawapa chumba chake mwenyewe wakae, ila akaomba wale mapema kabla ya saa ya chakula ya wageni wengine, ili wageni wasione. Mtu huyo sijui nimsifu au nimlaumu. Alifungua mlango, lakini nusu.

Mjini Columbus, wakiwa wamechoka na kukata tamaa, White alikesha akiomba, na asubuhi akawapa jina: Waimbaji wa Jubilei. Neno hili limetoka katika kitabu cha Mambo ya Walawi, sura ya 25, ambamo Biblia zetu za Kiswahili husema yubile. Ni mwaka wa hamsini, ambao tarumbeta hupigwa, watumwa wakaachwa huru, na mashamba yakarudishiwa wenyewe. Angalieni kwamba yubile si sherehe tu. Kuna kitu kinachorudishwa.

Tarehe 16 Novemba 1871 walifika Oberlin, palipokuwa na mkutano mkuu wa makanisa ya Kikongregesheni. Wajumbe walikuwa wakizungumza na kupangusa makoti. Bila kutangazwa, waimbaji wakaanza kwa ule mnong'ono wao. Mazungumzo yakakatika. Wachungaji waliokuwa pale wakarudi kwao na habari hizo, na milango ya makanisa ikaanza kufunguka. Desemba wakaimba Brooklyn katika kanisa la Mchungaji Henry Ward Beecher, mhubiri mashuhuri kuliko wengi nchini humo, na tangu hapo pesa zikaanza kuingia. Machi 1872 wakaimba mbele ya Rais Ulysses Grant. Waliporudi Nashville mwaka huohuo walikuwa wamelipa madeni na kupata dola 20,000 zaidi. Wakanunua ardhi mpya, palipokuwa ngome ya jeshi, na juu yake likajengwa jengo liitwalo Jubilee Hall, lililozinduliwa tarehe 1 Januari 1876. Bado limesimama.

Mwaka 1873 walivuka bahari hadi Uingereza. Tarehe 7 Mei waliimba mbele ya Malkia Victoria. Baadaye Waziri Mkuu, William Gladstone, aliwaalika nyumbani kwake, na hakuwaweka pembeni: waliketi mezani pamoja na wageni wake wengine. Habari hiyo ilipofika Marekani ilishangaza watu, na mshangao wenyewe unaeleza mengi kuhusu Marekani. Lakini msidhani nawasifu Waingereza kupita kiasi. Miaka 22 tu baadaye, 1895, Uingereza hiyohiyo iliitangaza nchi yetu kuwa himaya yake, na kwa miaka mingi Mwafrika hakuingia katika hoteli za Wazungu za Nairobi ila kwa mlango wa jikoni, akiwa mpishi. Naona ni rahisi kumkaribisha mezani mgeni ambaye atarudi kwao.

Waliendelea hivyo mpaka 1878, ng'ambo hadi Ujerumani, ndipo kundi la kwanza likavunjika. Masomo yao yalikatika, wengine waliugua, sauti zilichoka. Mke wa Bwana White alifia Glasgow safarini. Tusisahau gharama hizo tunapoimba kwa dakika nne na kupewa cheti.

TUHESABU KAMA SOKONI

Turudi kwa swali langu. Weupe walipata nini? Walipata nyimbo ambazo hawakuwahi kuzisikia. Walipata machozi, na nadhani baadhi yao walijutia mambo fulani. Wengi kwa mara ya kwanza walimwona mtu mweusi jukwaani bila kumcheka. Hilo si dogo. Weusi walipata nini? Shule. Hilo pia si dogo hata kidogo; wajukuu zao walisomea humo. Pande zote mbili zilipata kitu, kwa hiyo mtu aweza kusema walipatana.

Lakini kuna hesabu nyingine. Mwaka 1881, jengo la Jubilee Hall likiwa na miaka mitano tu, jimbo la Tennessee lenyewe lilipitisha sheria ya kutenganisha abiria weusi na weupe katika magari ya moshi. Mwaka 1896 Mahakama Kuu ya Marekani ikakubali utengano wa namna hiyo kuwa halali. Maana yake ni kwamba waliopiga makofi, au watoto wao, walipiga pia kura. Mwimbaji aliyemwimbia Malkia hakuweza kuchagua kiti katika gari la moshi la kwao.

Ndiyo maana siwezi kukubaliana na wale wanaosema, na nimesoma kadhaa, kwamba muziki huondoa chuki kama sabuni inavyoondoa masizi. Muziki wa Fisk ulifungua masikio. Masikio yako karibu na moyo, sikatai, lakini mkono unaoshika kitasa cha mlango ni kiungo kingine. Mtu aweza kulia kwa wimbo wako saa mbili usiku, na saa nne akakwambia hoteli imejaa, na asione kwamba amefanya mambo mawili yanayopingana.

Mwalimu mmoja alisoma nakala yangu ya kwanza akanipinga. Alisema nisiwe na haraka, kwamba mbegu haioti siku inayopandwa. Nilikwenda kutafuta kama ana haki, na nikapata jambo ambalo lilinifanya niandike ukurasa huu upya.

Tarehe 13 Februari 1960, katika mji uleule wa Nashville, wanafunzi weusi waliingia katika maduka makubwa ya katikati ya mji, wakanunua vitu vidogo vidogo, kisha wakaketi kwenye meza za chakula za maduka hayo. Pesa yao ilikubaliwa dukani lakini mezani hawakuhudumiwa. Meza zilikuwa za weupe. Waliketi tu, wamevaa nadhifu, wakisoma vitabu vyao. Walipigwa, wakazimiwa sigara mwilini, wakakamatwa, wakaja wengine wakaketi mahali pao. Mmoja wa viongozi wao alikuwa Diane Nash, mwanafunzi wa Fisk. Tarehe 19 Aprili, baada ya nyumba ya wakili wao kulipuliwa kwa baruti, maelfu waliandamana kimya hadi ofisi za mji, na Nash akamuuliza Meya, Ben West, mbele ya watu wote, kama yeye mwenyewe anaona ni haki kumbagua mtu kwa rangi yake tu. Meya akajibu kwamba si haki. Tarehe 10 Mei 1960 maduka sita yakafungua meza zao.

Kutoka Oktoba 1871 hadi Mei 1960 ni miaka 88 na miezi saba. Kundi la kwanza liliimba ili shule isimame, na wanafunzi wa shule hiyo wakaenda kuketi kwenye meza ambayo babu zao walinyimwa. Basi nilimrudia mwalimu nikamwambia ana haki, mbegu iliota. Ila nikaongeza kwamba haikuota kwa wimbo peke yake. Ilihitaji watu wa kuketi na kukataa kuinuka. Akacheka, akasema niandike hivyohivyo.

Kabla sijamaliza, neno moja kwa wapenzi wa msamiati. Mtumwa ni mtu anayetumwa. Mtume naye ni mtu aliyetumwa. Mzizi ni mmoja, tuma, na tofauti iko katika irabu ya mwisho na ile w ndogo. Ella Sheppard alizaliwa akiwa wa kwanza, na mimi namhesabu kuwa wa pili. Tena ujumbe wao ulifika hata bara letu. Mwaka 1890 Orpheus McAdoo, aliyekuwa ameimba katika kundi la baadaye lililotoka kwa lile la Fisk, alifika Afrika Kusini na waimbaji wake. Waafrika wa huko waliwasikiliza, wakastaajabu kuona watu weusi waliosoma, na wengine wakaanzisha kwaya zao kwa mfano huo. McAdoo naye alieleza kwa barua jinsi watu weusi wa nchi hiyo walivyobanwa na sheria kila upande. Makofi na mlango, tena.

Kundi la Fisk bado lipo. Wanafunzi hupokezana kizazi baada ya kizazi, na kila tarehe 6 Oktoba shule huadhimisha siku ile ya kuondoka. Mwaka 2021 albamu yao ya kuadhimisha miaka 150 ilipata tuzo ya Grammy.

Sisi nasi, sisemi kwamba yetu yalingana na yao. Wao walikataliwa kwa rangi ya ngozi, miaka na miaka, na sheria ikaunga mkono. Sisi tulinyeshewa kwa muda wa saa moja kwa sababu ya sare ya shule ya kutwa, na Jumatatu nguo zilikuwa zimekauka. Lakini mwaka huu zamu ya kuwa wenyeji wa mashindano ya kanda ni yetu. Hatuna bwalo. Tuna madarasa, na jiko moja la kuni la kuchemshia chai ya walimu. Kwaya imekubaliana kwamba kila mmoja alete vikombe viwili vya mahindi na kimoja cha maharagwe, ili kila shule itakayofika, ya bweni au ya kutwa, iliyoshinda au iliyoshindwa, iingie ndani, iketi, ile. Ile shule ya mwaka jana nayo imo katika orodha ya wageni. Nimeandika jina lake kwa mkono wangu. Mwalimu wa kwaya amekubali. Kinachotusumbua mpaka sasa ni sufuria. Kubwa iliyopo ni moja tu, na ina tundu.